Molière katika Kiswahili: Majina Matatu na Uzito Wake

Tamthilia tatu za Molière zimepewa majina ya Kiswahili ambayo yafaa kupimwa kwa makini. Le Bourgeois gentilhomme iliitwa Mchuuzi Mwungwana. Le Médecin malgré lui iliitwa Tabibu Asiyependa Utabibu. Hizi mbili ni kazi ya A. Morrison. Ya tatu ni Tartuffe, iliyotafsiriwa na L. Taguaba kwa jina la Mnafiki na kutolewa Dar es Salaam na Tanzania Publishing House mwaka 1973, miaka 300 kamili tangu mtungaji wake kufa. Katika habari za tafsiri za Kiswahili aghalabu vitabu hivi hutajwa kwa mstari mmoja tu, kisha mazungumzo yakahamia kwa Shakespeare. Maana Julius Caezar ya mwaka 1963, ambayo mwaka 1969 ilisahihishwa na kuitwa Juliasi Kaizari, pamoja na Mabepari wa Venisi, ni kazi za Mwalimu Nyerere, na heshima ya mfasiri imewafunika wafasiri wengine wote. Jambo hili si haki kwa fani yenyewe. Kilio cha mfalme aliyesalitiwa hueleweka mahali popote penye wafalme na wasaliti. Kicheko hakisafiri hivyo. Kwanza ni lazima ijulikane nani anachekwa, na ni nani waliokaa pamoja kumcheka. Majina haya matatu ndiyo yanayomwambia msomaji wa Kiswahili, kabla hajafunua ukurasa wa kwanza, amcheke nani. Hapa yanapimwa majina hayo na mambo yaliyomo katika tamthilia zenyewe. Hesabu ya neno kwa neno katika tafsiri ni kazi nyingine.

Molière alikuwa mtoto wa sokoni. Jina lake la kuzaliwa ni Jean-Baptiste Poquelin, naye alibatizwa tarehe 15 Januari 1622 katika kanisa la Saint-Eustache mjini Paris, kanisa lililosimama ubavuni mwa soko kuu la Les Halles. Baba yake alikuwa fundi na muuzaji wa mapambo ya nyumba, mazulia na vitambaa vya viti, akapata cheo cha kumtumikia Mfalme katika kazi hiyo. Kijana angaliweza kurithi duka na cheo. Mwaka 1643 alijiunga na wenziwe wakaunda kundi la maigizo. Kundi likafilisika, naye mwaka 1645 akafungwa kwa ajili ya madeni. Baada ya hapo alizunguka majimboni kiasi cha miaka 13, akirudi Paris mwaka 1658 kuigiza mbele ya Louis wa Kumi na Nne. Kazi zake kubwa zote ziliandikwa katika miaka 15 iliyobaki. Tarehe 17 Februari 1673, akiwa anaigiza nafasi ya mtu mzima anayejidhania mgonjwa, alishikwa na maradhi jukwaani, akafa nyumbani usiku ule. Kwa kuwa Kanisa lilikuwa haliwaziki waigizaji ila wawe wameikana kazi yao, ilibidi Mfalme aombwe, na maiti ikazikwa usiku.

Habari moja ya maisha haya haina budi kukumbukwa katika yote yanayofuata. Katika tamthilia zake Molière alizoea kujichukulia mwenyewe nafasi ya yule anayechekwa. Alikuwa Jourdain, yule tajiri anayetaka uungwana. Alikuwa Sganarelle, mkata kuni anayefanywa tabibu kwa kupigwa. Na katika Tartuffe hakuwa Tartuffe, bali Orgon, mwenye nyumba aliyedanganywa.

Tuanze na mchuuzi. Jourdain ni mtoto wa muuza vitambaa, tena ana mali nyingi. Mkewe, ambaye ndiye mwenye akili katika nyumba ile, anamkumbusha kwamba wazee wao waliuza nguo karibu na lango la Saint-Innocent. Lango hilo lilikuwa hatua chache kutoka Les Halles, ndani ya mitaa ile ile alimozaliwa mtungaji. Mtu wa Dar es Salaam hahitaji maelezo marefu juu ya jambo hili: ni kama kumwambia bwana fulani aliyehamia pwani ya Oysterbay kwamba marehemu babaye alikuwa na meza ya khanga Mtaa wa Kongo. Basi, je, Jourdain ni mchuuzi? Mchuuzi kwa asili ni mtu wa biashara ndogo, anayenunua kidogo na kuuza kidogo, mara nyingi akitembeza bidhaa yake. Kariakoo neno hili limekaribia kusahaulika, kwa kuwa tangu miaka ya themanini nafasi yake imechukuliwa na machinga. Jourdain hatembezi kitu. Anaajiri mwalimu wa muziki, wa dansi, wa upanga na wa falsafa kwa mkupuo mmoja, na anamkopesha mtukufu mmoja fedha mpaka deni linafika livre 18,000. Huyu katika Kiswahili ni tajiri, au mfanyabiashara mkubwa. Kwa kumwita mchuuzi mfasiri amemteremsha ngazi kadhaa. Lakini katika kumteremsha amepata kitu: neno tajiri lina heshima ndani yake, na neno mchuuzi halina, na Jourdain anapigana na ile aibu ya kukosa heshima. Kwa hiyo kosa la hesabu limezaa usahihi wa maana. (Ni vema pia kuwatahadharisha wapiga chapa: ukiiacha u moja, bwana huyu anageuka kitoweo.)

Taabu kubwa iko katika neno la pili. Jina la Kifaransa limejengwa juu ya mkingamo. Katika Ufaransa ya karne ya kumi na saba mtu alikuwa gentilhomme kwa damu. Na tena sheria na desturi zilimkataza mtukufu kufanya biashara ya rejareja, asije akapoteza utukufu wake. Kwa hiyo kuyaweka maneno yale mawili bega kwa bega ni kama kusema maji makavu. Mfaransa alicheka kabla pazia halijafunguliwa. Sasa mpe Mswahili wa leo maneno haya, mchuuzi mwungwana. Hacheki. Anasikia sifa. Anamwona mtu mwema wa sokoni asiyepunja mizani, anayerudisha chenji sawasawa. Maana watu wenyewe wamekwisha amua jambo hili katika methali: mwungwana ni kitendo. Methali hiyo inakanusha ule msingi ambao kichekesho cha Mfaransa kimesimama juu yake.

Wala ukirudi nyuma, kwenye Kiswahili cha zamani, hali haiwi nyepesi. Katika miji ya pwani waungwana walikuwa ndio wenye biashara. Walimiliki vyombo, walipokea wageni wa pepo za kaskazi, walikopa na kukopesha. Kinyume cha mwungwana hakikuwa mchuuzi bali mtumwa. Hata hivyo historia ya neno hili ina sura moja ambayo, lau mfasiri angaliitia katika utangulizi, ingalimpa Jourdain ndugu wa kweli katika Afrika ya Mashariki. Katika misafara ya karne ya kumi na tisa wapagazi waliotoka pwani, na wengi wao walikuwa watumwa au watoto wa watumwa, walipofika bara walijiita Waungwana. Walivaa kanzu nyeupe, walisema Kiswahili, na mbele ya wenyeji wa bara walijihesabu kuwa watu wa mji na wa dini. Jina likawaganda, wasafiri wa Ulaya wakaliandika katika vitabu vyao, na huko Kongo ya mashariki lugha yao ikabaki ikiitwa Kingwana. Pwani, mabwana wao waliwacheka bila ya shaka. Bara hakuna aliyewacheka. Je, wale watu walikuwa wakijidanganya kama Jourdain, au walikuwa wakiipindua hukumu iliyowekwa juu yao kabla hawajazaliwa? Ukiliweka swali hili kando ya tamthilia ya mwaka 1670, Jourdain haonekani tena mjinga mtupu.

Na ni jambo la kuvutia kwamba mtaa mkubwa wa wachuuzi wa Dar es Salaam umepata jina lake kwa wapagazi. Baada ya Waingereza kuuteka mji mwaka 1916, kikosi cha wachukuzi, Carrier Corps, kilipiga kambi mahali pale, ndani na kando ya jengo la soko ambalo Wajerumani walikuwa wamelijenga. Ulimi wa watu ukalitafuna jina la Kiingereza mpaka likawa Kariakoo. Hiyo nayo ni tafsiri, na katika umbo lake ni bora kuliko nyingi zilizopigwa chapa: haikuuliza maana ya neno, ilichukua sauti na kuipa nyumba. Soko lilifunguliwa hapo baadaye, na jengo jipya lililobuniwa na msanifu B. J. Amuli likafunguliwa mwaka 1975, miaka michache tu baada ya mabanda ya chuma ya Les Halles kubomolewa huko Paris.

Mandhari mashuhuri kuliko zote katika tamthilia ile ni somo la mwalimu wa falsafa. Jourdain anafundishwa jinsi kinywa kinavyofunguka na midomo inavyosogea katika kutamka irabu tano, naye anashangilia kama mtu aliyefunuliwa siri za mbingu. Kisha anaambiwa kwamba maneno anayosema kila siku ni nathari, na kwamba ameisema kwa zaidi ya miaka 40 pasipo kujua. Kwa sauti, Kiswahili kinamkaribisha mwalimu huyu kwa mikono miwili, maana irabu zetu ni zizo hizo tano kwa maandishi, na ni moja tu, ile u ya Kifaransa, inayodai kuchongoa midomo kwa namna ambayo Mswahili haijui. Neno nathari nalo limekaa vizuri sana. Ni neno la wanazuoni kwa jambo la kila mtu, na kichekesho chote kimo katika umbali huo. Tangu Baraza la Kiswahili la Taifa liundwe mwaka 1967, istilahi za namna hiyo zimeongezeka, na kila aliyewahi kufundishwa kwamba jambo alilolijua tangu utotoni lina jina gumu ataitambua furaha ya Jourdain.

Lakini hapa ndipo penye jambo zito. Mwaka 1970 ulitangazwa Tanzania kuwa Mwaka wa Elimu ya Watu Wazima, na katika miaka iliyofuata wazee kwa vijana walikaa chini ya miembe na katika kumbi za mitaa wakitamka a, e, i, o, u. Akina mama wa Kariakoo na Ilala walioshinda sokoni walikwenda darasani jioni. Mbele ya watu hao, mtu mzima anayefurahia irabu si kichekesho, ni ushindi. Kumcheka ni kurudia kicheko kile kile cha vichekesho vya shuleni vya wakati wa ukoloni, ambavyo vilimleta jukwaani mshamba asiyejua kuvaa viatu wala kushika uma, ili wale waliokwisha jua wapate kujipongeza. Ni hoja ya haki, nayo haijibiwi kwa kusema tu kwamba Molière ni mtungaji mkubwa.

Jawabu limo katika ujenzi wa tamthilia. Katika mandhari ile ile ya masomo, walimu ndio wanaotangulia kujivunja heshima: wa muziki, wa dansi na wa upanga wanagombana ni elimu ya nani iliyo bora, kisha mwanafalsafa, aliyeingia kuwasuluhisha na kuwahubiria subira, anapigana ngumi nao wote watatu. Kila mmoja wao anaishi kwa mfuko wa Jourdain. Bwana mtukufu Dorante, ambaye damu yake haina doa, anakopa fedha na kutumia almasi ya Jourdain kumposa mwanamke kwa jina lake mwenyewe. Kwa hiyo elimu haichekwi. Kinachochekwa ni biashara ya heshima: wauzaji hawana kitu cha kuuza, na mnunuzi hajui kwamba yeye ndiye pekee mwenye fedha halisi chumbani. Jina Mchuuzi Mwungwana halimwambii msomaji haya. Linamwelekeza kidole kwa mchuuzi peke yake. Na katika nchi ambayo mwaka 1976 ilifunga maduka mengi ya watu binafsi vijijini, na mwaka 1983 ikawasaka walanguzi kwa sheria ya uhujumu uchumi, kidole hicho hakihitaji nguvu ya kuongezwa. Dorante, yule mwenye cheo anayekula bila kulipa, anaponyoka.

Sherehe ya mwisho, ambamo Jourdain anafanywa mtukufu wa Kituruki kwa maneno ya kubuni, inamletea mfasiri wa pwani taabu ya namna nyingine. Molière na mtungaji wa muziki Lully waliitunga baada ya mjumbe wa Dola ya Uturuki, Suleiman Aga, kufika Ufaransa mwaka 1669. Ndani yake mna mufti, madarweshi, vilemba na Kitabu, vyote vikichezewa. Watazamaji wa Chambord, mahali ilipoigizwa kwanza, hawakuwa na jirani Mwislamu wa kumkwaza. Hadhira ya Mnazi Mmoja isingekaa kimya, na ingekuwa na haki. Hata hivyo mfasiri jasiri angaliweza kuiondoa dini yote na kubakiza kiini, kwa sababu Kiswahili kina kiini hicho tayari: kumvika mtu kilemba cha ukoka. Hakuna maneno ya Kifaransa yanayoieleza mandhari ile kwa ufupi namna hii. Kilemba pwani ni heshima ya kweli. Ukoka ni nyasi zinazotambaa chini. Mwenye kuvikwa huona kilemba, wenye kumvika huona nyasi. Lau tamthilia yote ingaliitwa Kilemba cha Ukoka, mkingamo uliopotea katika neno mwungwana ungalirudi, na wavikaji wangaliingia ndani ya jina pamoja na mvikwaji. Mtu atasema kwamba jina hilo liko mbali mno na la asili. Ni kweli, lakini Kariakoo nayo iko mbali na Carrier Corps.

Mnafiki ni jina lenye nguvu kuliko hayo mengine, na nguvu zake zimetoka katika Kiarabu cha dini. Sura ya 63 ya Kurani inawahusu wanafiki, na Mswahili alikwisha kulijua neno hilo kwa khofu kabla ya kulitumia kwa masengenyo. Mwaka 1664 tamthilia hii ilipoonyeshwa Versailles ilipigwa marufuku. Mwaka 1667 Molière aliirudisha kwa jina la L'Imposteur, yaani laghai, mhusika akiwa amebadilishwa jina na mavazi, ikazuiwa kesho yake. Ruhusa ilipatikana tarehe 5 Februari 1669. Mabadiliko ya jina yalikuwa mbinu: laghai ni mwizi tu, na hakuna mtawa anayetetea wizi, bali mnafiki anaishika dini yenyewe mkononi. Taguaba, kwa kulichagua neno la dini, amemrudishia Molière makali aliyolazimika kuyaficha mwaka 1667. Hapo anastahili sifa.

Katika jina hili jina la mtu limepotea. Wafaransa walilichukua jina Tartuffe wakalifanya neno la kawaida la lugha yao. Kiswahili kimekwenda njia ya kinyume. Hasara yake katika mwendo wa kisa ni ndogo, kwani mwandishi mwenyewe alieleza katika dibaji yake kwamba alitumia vitendo viwili vizima kumtayarishia mwovu wake njia, mtazamaji asiwe na shaka naye hata dakika moja. Hasara iliyo kubwa ni kwamba jicho linavutwa kwa mwovu na kumwacha Orgon. Mwovu anaeleweka upesi. Orgon ndiye kitendawili: mwenye nyumba, mtu wa makamo, aliyewahi kuitumikia nchi vizuri, ambaye anataka kudanganywa, anamkasirikia kila anayemwonyesha ukweli, na anatoa binti na nyumba kwa hiari yake. Nafasi hiyo ndiyo aliyoichukua Molière. Msomaji wa mwaka 1973, miaka miwili tu baada ya Mwongozo wa TANU kuonya juu ya viongozi wenye kibri, alikuwa na wanafiki wake wa kutosha, wenye kutamka maneno ya ujamaa kama tasbihi. Farouk Topan katika Mfalme Juha, iliyotoka mwaka 1971, alikuwa amekwisha kumtazama yule mwenye kudanganyika kuliko mdanganyaji, na kwa hilo yu karibu na Molière kuliko jina la tafsiri lilivyo. Mwisho wa tamthilia, ofisa wa Mfalme anaingia na kumkamata mwovu wakati mambo yamekwisha haribika. Mwisho huu umelaumiwa sana huko Ulaya kwamba umebandikwa. Ukitolewa na shirika la umma la uchapaji, lenye duka katika barabara iitwayo leo Samora, hatua chache kutoka wizara za serikali, ulihitaji neno la utangulizi kuliko sehemu nyingine yote.

Juu ya Tabibu Asiyependa Utabibu maneno machache yatatosha, maana kosa lake ni wazi. Sganarelle hakosi kupenda utabibu. Si tabibu kabisa. Mkewe, kwa kulipiza kisasi cha kipigo, anawaambia watu kwamba mumewe ni tabibu wa ajabu ambaye hakiri mpaka apigwe, nao wanampiga mpaka akiri. Baadaye, alipoona ujira, anaupenda utabibu mno. Jina la Kiswahili linamwonyesha msomi aliyechoka na kazi yake. Tamthilia inamwonyesha mtu ambaye fimbo za wengine zimempa cheo, na ambaye kwa Kilatini cha uwongo anakilinda. Tabibu kwa Bakora lingalikuwa jina la kweli zaidi na la kuchekesha zaidi. Na kile Kilatini kingaligeuzwa nini? Si Kilatini, ambacho hakimtishi mtu yeyote Kariakoo. Kando ya soko wapo wauza mizizi na magome wanaotaja majina ya maradhi kwa Kiingereza cha hospitali, na wapo wanaopiga ramli kwa Kiarabu kisichotoka katika kitabu chochote. Mgonjwa huamini kwa kadiri asivyoelewa. Wachekeshaji wa mji, akina Mzee Small na King Majuto, waliofariki mwaka 2014 na 2018, walikijua sana kicheko cha mtu anayejifanya ajuaye asichokijua, nao hawakuhitaji kitabu cha Molière ili wakipate. Mfasiri wa Sganarelle angalifanya vema kukaa jioni chache katika kumbi zao, kalamu ikiwa mfukoni, akisikiliza ni wapi watu wanapocheka.